Mechi Nne za Kaka Hosea

Sehemu ya sita

Wiki iliyopita niliwaacha nikiwa nimekaa kwenye benchi la kituo cha polisi hapa Itigi, nina kiatu kimoja. Kingine kilibaki kwa watu waliompiga kaka yangu, walionikimbiza asubuhi ile njiani.

Kama gazeti lilikupita, naitwa Yasinta. Nimeishia darasa la saba, kwetu Kintinku. Nilikuwa naishi na Chediel, mwenye chumba cha gemu karibu na stesheni, na mimi ndiye niliyesimamia mashine. Jumanne ya mnada, Simeoni mpagazi wa stesheni aliokotwa nyuma ya ghala la asali, kichwa kimepasuliwa kwa nondo. Hajafa, ila hasemi. Watu wakakumbuka kwamba jana yake alitukanana na kaka yangu Hosea mbele ya televisheni yetu. Wakamfuata. Walimvunja mkono wa kushoto na meno matatu kabla polisi hawajamnyakua.

Hosea hakufanya. Saa ile alikuwa mbele ya macho yangu, anacheza mpira wa kwenye mashine.

"Wewe ni nani yake?" afande aliniuliza. Ilikuwa Jumamosi asubuhi.

"Dada yake, tumbo moja."

"Basi ushahidi wako umeshaisha. Nani mwingine alimwona?"

"Hakuna, afande. Watu wote walikuwa mnadani."

Akafunga daftari.

"Saa saba gari linampeleka Manyoni." Kisha akashusha sauti. "Mimi nina askari wawili na gari moja. Na nasikia kuna watu wanalisubiri pale linapovuka reli."

Sikuhitaji kuuliza watu gani. Kupitia dirishani nilimwona Lucy, dada yake Simeoni, amekaa kwenye ngazi za kituo amepakata dumu la lita tano. Halikuwa la maji. Harufu yake ilikuwa inatufikia ndani.

"Afande," nikasema, "mashine ilimwona."

"Mashine gani?"

Nikamweleza. Umeme wa kwetu ukikatika, ligi ya mtu inapotea. Ligi ya miezi minne, mtu ameinunulia wachezaji, ameipandisha daraja, inapotea kwa kupepesa jicho. Nimeshaona mtu akipasuliwa nyusi kwa padi ya kuchezea kwa sababu hiyo. Ndiyo maana nilijifunza kusevu. Kila mechi ikiisha nasevu, halafu nawasha bando la simu yangu napandisha nakala mtandaoni, mashine ikifa ligi isife nayo. Hakuna aliyenifundisha. Nilimtazama fundi aliyeleta mashine, nikatazama vidole vyake tu, mpaka nikajua.

"Na kila ukisevu, mashine inaandika jina na saa. Jumanne Hosea alicheza mechi nne mfululizo. Simeoni alipigwa saa nane. Njoo uone mwenyewe."

"Mtu mwingine hawezi kucheza kwa jina la Hosea?"

"Jina lake lina namba yake ya siri. Hata mimi siijui."

Afande akanitazama mguu usio na kiatu. Akavaa kofia.

Tulifuatwa na umati. Njia nzima vijana wanapiga mluzi.

"Leo mahakama imehamia kwenye gemu!"

"Na refa naye ataitwa shahidi!"

Mbele yetu alitembea Mzee Melkizedeki, baba yake Simeoni. Nilimpa shikamoo. Siku zote hunijibu marahaba, kisha ananiongezea mbukwa, salamu ya Kigogo, kwa sababu ananijua mtoto wa kwao. Siku hiyo alinyamaza. Nikarudia. Akatema mate pembeni, akaendelea kutembea.

Chediel alikuwa mlangoni, amevaa shati jeupe. Akafungua, watu wakajaa mpaka dirishani. Nikawasha mashine, nikafungua orodha. Jina la Hosea likatokea kwenye televisheni, kubwa, kila mtu analiona. Jumanne: 07:52, 08:03, 08:14, 08:26.

"Umeona afande?" Nilikuwa nalia kwa furaha. "Saa nane na dakika tatu, saa nane na kumi na nne. Alikuwa hapa!"

Afande akasogea, akasoma. Akageuka polepole.

"Binti, hii ni asubuhi. Nane ya mashine ni saa mbili asubuhi yetu. Saa nane mchana ingeandikwa kumi na nne."

"Hapana, afande! Hii mashine tuliirudisha nyuma saa sita, iende na saa za Kiswahili. Wateja walikuwa wanabishana naye Chediel kila siku, mtu ameingia saa nane, mashine inasema kumi na nne. Ndipo akairekebisha. Mwulize."

Afande akamwuliza.

Chediel akafuta jasho lake taratibu. "Mimi sijawahi kugusa saa ya mashine, afande. Huyu anamtetea kaka yake, tumsamehe."

Nilidhani nimesikia vibaya.

"Angalia pale pembeni juu!" nikapiga kelele. "Sasa hivi ni saa tano asubuhi. Mashine itakwambia tano!"

Wote tukatazama pembeni juu ya televisheni.

11:06.

Nikaisoma mara mbili. Jana yake jioni nilikuwa nimeiona ikisema kumi na mbili na nusu, wakati jua linazama. Kuna mtu aliirekebisha baada ya hapo. Na funguo za chumba tunazo wawili tu, mimi na Chediel.

Katika umati ule walikuwepo vijana waliocheza kwetu miezi saba. Walisoma saa ile kila siku. Nikawatazama mmoja mmoja. Kila niliyemfikia alitazama miguu yake.

"Mwongo!" Ilikuwa sauti ya Lucy.

Sikuona ngumi ilikotokea. Niliona sakafu tu. Akanikalia kifuani, akanishika nywele, akaanza kunigongesha kichwa kwenye saruji. "Kaka yangu yuko hivi! Yuko hivi! Hivi!" Kila "hivi" na saruji yake. Mwingine akanipiga teke la mbavu. Mwingine akaning'oa kile kiatu kilichobaki akanipiga nacho mdomoni. Nikameza jino, namshukuru Mungu halikunikaba.

Afande akapiga risasi juu. Bati likatoboka, jua likaingia kama kidole.

"Tokeni! Wote!"

Wakatoka. Wakati anatoka Lucy aliniinamia, akasema kwa upole kabisa, kama mtu anayeaga msibani, "Tukutane pale relini, wifi."

Aliniita wifi kwa sababu Simeoni aliwahi kunitania kwamba atanioa.

Afande alibaki nyuma. "Gari linaondoka saa saba. Kama una kingine, kilete kabla ya hapo. Kama huna, nenda kanisani."

Akaondoka. Nikazimia, nadhani kwa zaidi ya saa nzima, na akili iliponirudia nilikuwa nimelala pale pale, nina damu mdomoni.

Nakala.

Chediel alibadili saa ya mashine. Lakini saa ya kule mtandaoni haibadilishi mtu. Nakala ikifika kule inaandikiwa saa na wenye mtandao wao, na simu inaionyesha. Mechi nne za Hosea zipo kule, na saa zake za kweli.

Nikajiinua. Nikatia mkono kifuani, simu ilikuwepo, kioo kimepasuka lakini inawaka.

Nyuma yangu kufuli likalia. Chediel alikuwa amefunga mlango kwa ndani.

"Umekumbuka, eeh?" akasema. "Nilijua utakumbuka. Wewe husahau kitu gani?"

"Ni wewe uliyempiga Simeoni."

"Nipe neno la siri la akaunti yako."

"Chediel, ni wewe."

"Ni mimi. Sasa nipe neno la siri, nifute akaunti nzima."

Alikuwa na nondo. Aliitoa nyuma ya stendi ya televisheni, mahali ninapofagia kila siku. Sijui aliirudisha lini.

Wasomaji wangu, hapa nifanye nilichokikwepa wiki tano. Wengine mmeandika barua gazetini mkisema Yasinta ni malaika. Mimi si malaika.

Jumapili kabla ya mnada, tulikuwa watatu tu chumbani, mimi, Chediel na Simeoni. Wiki ile mashine ilikuwa imeuliza swali: ligi ya Simeoni iliyoko hapa chini haifanani na iliyoko mtandaoni, ibaki ipi? Chediel hakusoma. Alibonyeza tu. Nakala ya zamani ikaja ikaifunika mpya. Miezi minne ya Simeoni ikaenda. Simeoni alipojua alimtemea Chediel mate usoni, akamwambia, "Umezidiwa akili na mwanamke wako wa darasa la saba."

Chediel alijipangusa.

Jumanne mchana akaniambia, "Nataka kumwomba radhi Simeoni, lakini faragha, nina aibu. Mwandikie wewe. Wewe anakuheshimu." Nikamwandikia. Nayakumbuka maneno yote. *Simeoni njoo nyuma ya ghala la asali saa nane nina neno na wewe. Usimwambie mtu. Yasinta.*

Nilimtazama Chediel akitoka mlangoni na nikaona mkono wake wa kulia umenyooka, hauchezi anapotembea, kama kuna kitu ndani ya mkono wa shati. Niliona. Mimi ni mtu wa kuona. Nikageuka nikaendelea kusevu mechi ya Hosea.

Simeoni aliokotwa bila simu yake, na jioni nami nilifuta ile meseji kwangu. Siku nne nilimwacha kaka yangu mahabusu na mdomo wangu umefungwa, nikitumaini atatoka bila mimi kutajwa.

"Fungua basi," Chediel akasema. "Waonyeshe mechi nne. Simu yako inapandisha na meseji kila siku saa kumi jioni, uliiweka hivyo mwenyewe, ulinitambia. Ulifuta kwenye simu saa moja. Kule juu ipo. Afande akishika simu hashiki nusu."

Alisema kweli. Na ukifuta kitu kule, kinakaa kwenye pipa la taka la akaunti siku thelathini, na pipa linaandika siku na saa ulipokifuta. Dawa ni moja tu, kuua akaunti nzima, na mechi za Hosea zife nayo.

"Mimi na wewe tutabaki salama," akasema. "Hosea ni mtu mmoja, Yasinta. Sisi ni wawili."

"Lucy ana petroli."

"Basi itakwisha haraka."

Nikamtazama. Miaka miwili nimempikia mtu huyu.

"Neno la siri ni refu," nikasema. "Njoo uandike."

Akaja. Akainama. Nikamuuma sikio mpaka meno yakakutana.

Alipiga yowe, nondo ikashuka ikanipata begani, nikasikia mfupa ukilia. Sikuachia. Akanibamiza ukutani mara ya kwanza, mara ya pili. Mara ya tatu tukaanguka wote juu ya meza, na ile stabilaiza ya chuma inayolinda televisheni ikadondoka karibu na mkono wangu mzima. Ni nzito kama tofali mbili. Nikampiga nayo goti. Nikampiga nayo vidole vilivyoshika nondo. Nikampiga nayo mara nyingine tena ambayo haikuwa na lazima, na hiyo nayo naiungama.

Alibaki pale sakafuni anakoroma. Nikamtoa funguo mfukoni, zangu sikujua zilidondokea wapi.

Simu ilisema 12:58. Saa saba kasoro dakika mbili.

Nilikimbia peku. Bega la kushoto lilikuwa linaning'inia, nimelishika kama mtu aliyebeba mtoto. Mbele yangu gari la polisi likanipita, nikapunga, halikusimama. Kwa nyuma nilimwona Hosea, kichwa kimeinama. Hakuniona.

Nilipofika relini walikuwa wameshalisimamisha.

Walikuwa wamepanga mataruma ya zamani ya reli barabarani. Kioo cha mbele kilikuwa chini. Askari mmoja amekaa anajishika paji la uso, damu inapita kati ya vidole. Afande alikuwa amesukumwa mtaroni, bunduki imeshikwa na watu watatu na yeye wa nne, wanavutana. Na Hosea alikuwa katikati ya barabara, amepiga magoti, tairi la pikipiki shingoni. Nywele zake zilikuwa zimelowa. Lucy alikuwa amemaliza kumwaga.

"Ninayo!" nilipiga kelele. "Ninayo! Lucy, soma kwanza, ndipo uchome!"

"Sogea, mwongo, nisikuunganishe naye!"

"Niunganishe! Lakini soma!"

Nikamkumbatia Hosea. Petroli ikanipata machoni na kwenye kile kidonda cha mdomo. Nilisikia moto kabla ya moto.

"Yasi, toka," Hosea akanong'ona. "Toka hapa, mdogo wangu."

"Nyamaza."

Mzee Melkizedeki akasogea. Ana fimbo, hakuhitaji kuinyanyua.

"Anataka kusema nini huyu?"

"Baba, shikamoo," nikasema. Nilikuwa chini, nimelowa petroli, lakini salamu ni salamu.

Akaiegemea fimbo. Nadhani alikuwa anapigana na nafsi yake.

"Marahaba. Sema."

"Mechi zile zina nakala mtandaoni. Saa ya kule mimi sina uwezo wa kuibadili, wala Chediel, wala mtu yeyote wa Itigi. Kama Jumanne saa nane Hosea hayumo, tuchomeni wote wawili. Mimi nitashika mwenyewe kiberiti."

"Mwacheni afande aje asome," Mzee akasema.

Wakamwacha afande. Akatoka mtaroni, magoti yamejaa matope. Nikafungua akaunti. Duara likaanza kuzunguka. Pale relini mtandao ni wa kuombea dua. Duara likazunguka. Mtu akasema, "Anatuchelewesha huyu." Likazunguka. Jiwe likanipata mgongoni. Nikaandika neno la siri tena kwa kidole kilichokuwa kinateleza kwa damu na petroli, na nikangoja, kwa sababu kungoja ndiyo kazi niliyoijua kuliko zote.

Ikafunguka.

Nilikuwa naweza bado kuizima. Nataka mjue hivyo. Simu ilikuwa mkononi mwangu.

Nikampa afande.

Akasoma kwa sauti ya gwaride. "Hosea. Jumanne. Kumi na tatu na hamsini na mbili. Kumi na nne na tatu. Kumi na nne na kumi na tano. Kumi na nne na ishirini na saba." Akanyanyua uso. "Ni mchana. Kuanzia saa nane kasoro mpaka saa nane na nusu. Mtu huyu alikuwa anacheza gemu."

Hapo ndipo kijana mmoja, mteja wetu wa kila siku, akakohoa kwa nyuma. "Kwa kweli afande, ile mashine ilikuwaga na saa za Kiswahili. Hata mimi nashangaa leo."

"Na asubuhi ulikuwa wapi wewe mbwa?" mtu akamwuliza.

Mzee Melkizedeki akamvua Hosea tairi kwa mikono yake mwenyewe. Akaligeuza geuza kama hajui aliweke wapi.

"Mbukwa, mwanangu," akaniambia.

Nilitaka kujibu. Lakini nilikuwa namtazama afande. Hakunirudishia simu. Kidole gumba chake kilikuwa bado kinashuka. Kinashuka taratibu, kama mtu anayesoma orodha ya waliofaulu.

Kikasimama.

"Lucy," akasema. "Hebu njoo. Hii namba ya simu siyo ya kaka yako?"

Lucy akainamisha kichwa juu ya simu yangu. Anasoma kwa kutamka, kama sisi wote tulioishia la saba.

"Simeoni... njoo nyuma ya... ghala la asali... saa nane... nina neno na wewe. Usimwambie mtu."

Akafika kwenye jina. Hakulitamka. Aliniangalia tu.

"Binti," afande akasema, "hii uliandika wewe?"

Nikafungua mdomo. Hosea akanitazama. Kaka yangu ananijua tangu niko mgongoni kwa mama. Hakuwa anajua meseji yoyote, lakini aliusoma uso wangu jinsi Lucy alivyosoma simu, neno kwa neno, mpaka mwisho.

Akainua mkono ule usiovunjika.

"Niliandika mimi," akasema. "Simu yake ilikuwa kwangu. Nilimwita Simeoni mimi."